Mgeni Ashike Mwiko: Ujuzi wa Jikoni Nao ni Kazi



Wiki hii tutaanza mbali, Japani, kisha tutarudi pole pole hadi hapa kwetu Nyantende. Tunazungumzia kazi ambayo kila mmoja wetu anaifanya kila siku bila kulipwa: kupika. Swali ni hili: je, mtu anaweza kutoa makuta yake si ili ale tu, bali ili umfundishe namna ya kupika? Jibu ni ndiyo. Wajapani wanafanya hivyo. Na tusiseme hayo ni mambo ya wazungu na Wajapani tu, maana Kigali, ng'ambo ya Ruzizi, wanaofanya kazi hiyo ni wamama kama sisi.

Shule ya tambi

Japani ina majimbo 47, na lililo dogo kuliko yote linaitwa Kagawa. Zamani liliitwa Sanuki. Mvua huko ni kidogo, kwa hiyo mpunga uliwasumbua, lakini ngano ilikubali, na chumvi waliipata baharini. Kwa ngano, chumvi na maji wakawa mabingwa wa tambi nene nyeupe zinazoitwa udon. Ndivyo ilivyo kila mahali: chakula cha sifa kinatoka katika kile ambacho shamba limekubali kutoa.

Katika jimbo hilo kuna mji mdogo, Kotohira, wenye hekalu maarufu juu ya mlima. Anayetaka kulifikia hupanda ngazi 785. Wageni wanakwenda kwa ajili ya hekalu. Lakini chini ya mlima ipo shule ya udon inayoitwa Nakano, na anayeingia humo hapewi sahani, anapewa unga. Anauchanganya na maji ya chumvi. Donge linatiwa ndani ya mfuko safi wa plastiki, muziki unafunguliwa, na mgeni analikanyaga kwa miguu huku anacheza, kwa sababu donge la udon ni gumu na mikono peke yake inachoka. Kisha analisukuma kwa mti, analikunja, analikata kwa kisu, anachemsha, anakula. Mwisho anapewa cheti na ule mti wa kusukumia, aende navyo kwao.

Katika sehemu za milima kama Nagano kuna tambi nyingine, soba, za mbegu ndogo nyeusi yenye pembe tatu. Unga wake haushikamani kama ngano, unavunjika upesi, kwa hiyo wengi huchanganya sehemu nane za soba na mbili za ngano. Huko pia wageni wanafundishwa, na wengi wanatoka na tambi zisizolingana, moja nene kama kidole, nyingine nyembamba kama uzi. Wanacheka, wanazila hivyo hivyo.

Tuangalie hesabu yake. Bakuli la udon Kagawa ni chakula cha bei ndogo, chakula cha kila mtu. Lakini somo la kuitengeneza linalipwa mara kadhaa ya bei ya bakuli. Unga ni ule ule na maji ni yale yale. Kilichoongezeka ni mwalimu.

Jaribuni nyumbani

Kwa nyumba ya watu wanne au watano: unga wa ngano nusu kilo, maji robo lita (punguza kidogo ukiona donge linalainika mno), na chumvi vijiko vinne vidogo. Yeyusha chumvi katika maji. Mimina kidogo kidogo juu ya unga huku ukichanganya kwa ncha za vidole mpaka uwe kama makombo, kisha ukusanye kuwa donge. Litie ndani ya mfuko safi na mzito, lifunike kitambaa, watoto walikanyage kwa soksi safi dakika tano. Likunje, walikanyage tena, mara tatu au nne. Acha lipumzike saa moja au mbili. Sukuma kwa chupa safi, nyunyiza unga, kunja kama barua, kata. Chemsha katika maji mengi yasiyo na chumvi dakika kumi hadi kumi na tano, kisha osha kwa maji safi ya baridi. Chumvi nyingi inabaki katika maji ya kuchemshia. Kwa supu ya sambaza ni chakula kizuri cha Jumapili, na unajua kilichomo kuliko katika pakiti ya dukani.

Wamama wa Nyamirambo

Sasa turudi karibu. Kigali kuna mtaa wa Nyamirambo, mtaa wa misikiti, mafundi wa cherehani na saluni, ambapo Kiswahili kinasikika barabarani tangu zamani. Mwaka 2007 wanawake 18 wa mtaa huo waliunda kituo chao, Nyamirambo Women's Center. Hawakuanza na utalii. Walianza kwa sababu ya jeuri wanayotendewa wanawake na ubaguzi: walitaka mwanamke ajue kusoma, ajue kushona, ajue haki yake.

Lakini masomo ya bure yanahitaji makuta. Wakatazama walichonacho. Walikuwa na mtaa wao, na walikuwa na majiko yao. Leo wageni wanaotembelea Kigali wanalipa ili watembezwe Nyamirambo kwa miguu na mwanamke wa hapo hapo. Wengine wanachagua somo la kupika: wanakwenda sokoni pamoja na mwalimu, wananunua mboga na ndizi, wanaingia jikoni katika nyumba ya mama wa mtaa, wanapika juu ya makala, wanakula pamoja. Wengine wanajifunza kusuka vikapu. Wanawake wengine wa kituo wanashona mifuko na nguo za kuuza, na mapato yanasaidia masomo na maktaba ya watoto wa mtaa.

Sio wao peke yao. Katika wilaya ya Muhanga, barabarani kati ya Huye na Kigali, shirika la Azizi Life linawaunganisha wageni na vikundi vya wanawake wasukaji wa kijijini. Mgeni anakaa nao siku nzima. Analima, anakata majani ya ng'ombe, anateka maji, anapika, anasuka. Yaani analipa ili afanye zile kazi ambazo sisi tunaziona ni mateso ya kila siku.

Msicheke. Mgeni halipi ili ateswe. Analipa kwa sababu kwao mambo hayo hayapo tena, au hayakuwepo kamwe, na kwa sababu siku moja na mtu anayejua kitu kwa mikono yake inabaki kichwani kuliko picha mia.

Sisi tunajua nini?

Hapo ndipo wengi wetu tunasema: lakini sisi hatujui kitu, tunajua bugali tu. Tuipime hiyo bugali.

Muhogo mchungu una sumu. Mama anajua kuuloweka siku ngapi, anajua kwa kuugusa kwamba umeiva majini, anajua kuuanika mpaka ukauke vizuri. Mahali ambapo kazi hiyo inafanywa haraka haraka kwa sababu ya njaa au vita, watu wanapata konzo, ugonjwa unaolemaza miguu, na wanaougua sana ni watoto na wanawake. Sombe ni vilevile: majani yanatwangwa, yanachemshwa muda mrefu, si kwa utamu peke yake bali ili sumu itoke. Huo ni ujuzi wa maisha na kifo. Mjapani mwenye soba isiyoshikamana angekuheshimu akikuona unapima unga wa muhogo na wa mahindi kwa jicho, na bugali haivunjiki.

Tazameni na kasiksi. Ndizi zinafukiwa shimoni pamoja na majani siku kadhaa mpaka ziive. Zinakamuliwa kwa nyasi, maji yanachujwa, yanatiwa unga wa mtama uliokaangwa, yanaachwa yachachuke. Kila hatua ina mtu anayeijua, na hapo hata baba anaingia kazini. Ongezeni sambaza wa kukaanga, kusuka kitunga, kusuka mukeka. Mtu anaweza kujifunza hapa wiki nzima asimalize.

Kuna jambo la kutia huzuni pia. Mabinti wetu wengi waliokulia Bukavu mjini wananunua unga uliosagwa na sombe iliyotwangwa. Hawana kosa, maisha ya mji ndiyo yalivyo. Lakini mama akiondoka bila kufundisha, anaondoka na shule nzima.

Wageni wako wapi?

Hili ni swali la haki, na tusidanganyane. Kwa hali ya vita tuliyo nayo, mtalii si mtu tunayemwona barabarani.

Hata hivyo, si kwamba hatujawahi kuwa na wageni. Mbuga ya Kahuzi-Biega iliundwa mwaka 1970, na mwaka 1980 UNESCO iliiweka katika urithi wa dunia kwa sababu ya gorila wake. Watu walitoka mbali kuwaona. Hata Wajapani wanaijua njia ya Bukavu: mtaalamu Juichi Yamagiwa alianza kuchunguza gorila wa Kahuzi mwishoni mwa miaka ya 1970, na baadaye akawa mkuu wa chuo kikuu cha Kyoto. Lakini mgeni wa gorila alilala otelini, akala vya otelini, akarudi kwao. Kwa mama wa kijijini hakuacha hata bei ya kitunga kimoja. Kotohira wana hekalu, na wana shule ya tambi chini yake. Sisi tulikuwa na gorila, chini yake hatukuweka kitu.

Wakati amani inaporudi, wageni watarudi pia. Na kabla yao kuna wengine walio karibu. Kuna watoto wetu waliozaliwa Ubelgiji na Ufaransa, wanaokuja wakati wa likizo pale njia inapofunguka, wasiojua kusonga bugali ya bibi yao. Kuna bibi harusi wa mjini ambaye mama mkwe anamtazama kwa jicho la pembeni. Kuna wanafunzi, na wafanyakazi wa mashirika wanaokaa Bukavu miezi mingi. Hao ndio wanafunzi wa kwanza.

Makuta yaende wapi?

Kazi ya namna hii inaweza kuvunja kikundi kama hesabu haikuwekwa wazi mapema. Tuchukue mfano wa kufikiria tu: wanafunzi wanne, kila mmoja dola 10, jumla dola 40. Chakula sokoni dola 12. Makala na maji dola 3. Wamama watatu waliofundisha, kila mmoja dola 5, jumla 15. Zinabaki dola 10 za kikundi. Wale wenye MUSO wanajua kazi ya kasha: sehemu moja iingie kasha la kijani, watu wakope kwa ajili ya biashara, nyingine iingie kasha jekundu la ugonjwa na msiba. Angalieni kwamba malipo ya mwalimu yamewekwa ndani ya bei. Tukiuza chakula mara nyingi tunahesabu mafuta na chumvi, tunasahau kuhesabu mama.

Na kabla ya mgeni wa kwanza, kikundi kikubaliane mambo machache:

Maji ya kunawa na sabuni viwe mlangoni, na choo kiwe safi. Mgeni akiugua tumbo, wa pili haji.

Walimu wapokezane kwa zamu, isiwe mwenye kiti na dada yake kila mara.

Hakuna picha ya mtoto bila ruhusa ya mzazi. Sisi ni walimu, si maonyesho.

Mgeni afanye mwenyewe. Akiunguza bugali, aunguze. Mwalimu asimnyang'anye mwiko.

Asiyetaka wageni nyumbani kwake asilazimishwe. Wengi wetu tumeona mengi, na mlango wa nyumba ni wa mwenye nyumba.

Mama anayebeba mzigo wa makala mgongoni hadi Kadutu, kamba ikiwa imemkaza kwenye paji la uso, anajua bei ya jasho. Kazi hii haitaondoa mzigo huo kesho. Lakini siku moja kwa mwezi anaweza kulipwa akiwa ameketi kwenye kiti chake, mbele ya mbabula yake, watu wanamsikiliza na kumwita mwalimu.

Katika mkutano ujao wa kikundi, kila mama ataje kitu kimoja anachokijua kwa mikono na ambacho binti yake bado hakijui. Mwandishi wa kikundi aandike yote katika daftari. Orodha hiyo ndiyo itakuwa masomo yetu, na kabla mgeni hajafika, tuanze na mabinti wetu: Jumamosi moja, sufuria moja, mwiko mikononi mwao.