Vijana wa Kitengela na njia ya Safari ndani ya kioo

Mwezi wa Septemba 2020 lilitokea jambo ambalo katika historia ya Safari Rally halikuwa limepata kutokea. Watu wa Ulaya na Asia na Amerika walikuwa wakishindana mbio za magari katika vumbi la Kenya, wengine usiku kucha, ilhali hapa Kenya penyewe hapakuwa na gari hata moja lililotiwa moto. Mashindano ya dunia yaliyokuwa yafanyike mwezi wa Julai mwaka ule yalifutwa kwa sababu ya maradhi ya Korona. Lakini gemu ya video iitwayo WRC 9, iliyotengenezwa na kampuni ya Kylotonn ya Ufaransa, ilikuwa imekwisha andaliwa na njia mpya za Kenya ndani yake, nayo ikatoka vivyo hivyo. Basi njia ikatangulia, magari yakafuata. Madereva wenyewe hawakufika Naivasha hata Juni 2021, na Sébastien Ogier wa Ufaransa akashinda.

Miaka kumi na minane ilikuwa imepita tangu Safari ya mwisho ya dunia, ile ya Julai 2002. Kijana aliyezaliwa mwaka ule alikuwa na ndevu tayari.

Huenda msomaji wa Pwani akauliza, hayo yanatuhusu nini sisi? Kwanza, wazee wetu wa Mombasa hawajasahau miaka ya 1970, magari yalipoteremka mpaka baharini yakiwa yamepakwa matope ya bara, na watoto wakikimbia kuyagusa. Pili, na hili ndilo lililonitoa nyumbani likanipeleka Kitengela, ni namna vijana wa siku hizi wanavyojifunza njia. Niliambiwa wanaijua Naivasha kona kwa kona, na wengi wao hawajakanyaga Naivasha. Mimi niliyelelewa katika chuo cha Kurani, nikafundishwa kuhifadhi kwa sikio kabla ya kuelewa kwa akili, nilitaka kuona hifadhi hiyo ni ya namna gani.

Kitengela ni mji ulioko kusini ya Nairobi, katika barabara iendayo Namanga, na umo katika kaunti ya Kajiado. Ni mji uliokua haraka kama mhogo wa mvua. Maduka ya mabati, majumba ya ghorofa ambayo chokaa haijakauka, bodaboda, na kati yake vibanda vya gemu: chumba kimoja, pazia mlangoni, runinga tatu au nne, mabenchi, na mwenye kibanda aliyeshika saa. Mchezaji hulipa kwa muda. Aghalabu huchezwa kandanda, na kelele zake husikika mpaka barabarani. Gemu ya magari huwa kwenye kioo cha pembeni, maana wapenzi wake ni wachache na ni watu wa kimya.

Ni kimya kwa sababu wanasikiliza. Asiyejua hudhani mchezo huu ni wa macho na vidole. Mbio hizi za rali si kama zile za kuzunguka uwanja mmoja mara hamsini. Gari huwa peke yake katika mkondo, dereva hana wa kumwona mbele, na kona iliyoko nyuma ya kilima haionekani mpaka ameshaingia. Anayeiona ni mwelekezi, yule akaaye kiti cha pili na daftari. Yeye husoma kona kabla haijafika, na kila kona ina namba yake: moja ni ile ikatayo kabisa, sita ni ile ambayo ni karibu na kunyooka. Hutaja urefu wa kipande kilichonyooka, hutaja kilele, hutaja maji, hutaja jiwe, husema usikate hapa. Katika gemu sauti hiyo hutoka ndani ya mashine. Dereva anayeingoja kona kwa macho amekwisha chelewa.

Kijana mmoja niliyemkuta, umri wake hauzidi miaka ishirini na miwili, alinieleza utaratibu wake bila ya kuondoa macho kwenye kioo. Kwanza, alisema, huuendesha mkondo mzima polepole kama mtu anayetafuta nyumba ya mtu. Haangalii saa. Huangalia mahali pa kumwua. Kisha huukata vipande, kama sisi tulivyokatiwa sura ndefu, hasha silinganishi heshima ya kimoja na kingine, na hushika kipande cha kwanza mpaka kimkae ndipo aende cha pili. Baada ya hapo hukimbizana na kivuli. Mashine huhifadhi mwendo wake bora, au wa mtu mwingine, na kuuonyesha mbele yake kama gari la kioo ambalo halina uzito. Kivuli kikimwacha kwenye kona fulani, anajua hapo ndipo anapoibiwa wakati.

"Mzee, njia ya Kenya si kama ya Finland," aliniambia. "Finland ukishajua, inakuamini. Hii ya kwetu haikuamini. Hapa unaenda mbio, hapa unalala."

Maneno hayo yana ukweli wake. Madereva wa kweli waliokuja 2021 walikutana na vumbi la Kedong, laini kama unga, ambalo hufunika mawe na kuingia kwenye mashine, na ndiyo maana magari yao huku kwetu hufungwa bomba la kupumulia lililopanda juu kando ya kioo cha mbele. Safari haijapata kuwa ya mwenye mbio peke yake. Shekhar Mehta, Mkenya aliyeishinda mara tano, mara nne kati ya hizo mfululizo kuanzia 1979 hadi 1982, alisifiwa kwa kujua wapi asikimbie.

Lakini tofauti ni kubwa kuliko wanavyodhani vijana. Kwa kanuni, dereva wa kweli huruhusiwa kuupita mkondo mara mbili tu kabla ya mashindano, tena kwa mwendo wa taratibu, na katika mara hizo mbili lazima daftari lote liandikwe. Huyu wangu wa Kitengela alikuwa ameshaupita mkondo mmoja mara ambazo mwenyewe hazihesabu tena. Akianguka hubonyeza kidude na kuanza upya. Zamani Safari ilikwenda kwenye njia zilizo wazi, yenye punda, lori la ng'ombe na mama mwenye kuni, hata timu tajiri zikawa zinarusha helikopta juu ya gari ili rubani aonye kilichoko mbele. Kwenye kioo hakuna wa kuonywa.

Palinivutia zaidi jambo la lugha. Njia ni ya Kenya, udongo ni wa Kenya, mchezaji ni Mkenya, na sauti inayomwongoza ni ya Mwingereza. Mashine hizo zina lugha za Ulaya kadhaa, Kiswahili hakimo. Yule kijana, nilivyomtegea sikio, alikuwa akinong'ona. Kumbe alikuwa anajifasiria. Mashine inasema namba tatu kulia, yeye anasema kimoyomoyo, na midomo inacheza: "kulia tatu, inabana, usikate."

Nami nikaanza kuhesabu mizani, ndiyo maradhi ya washairi. "Kulia tatu" ni mizani tano. Kiingereza chake ni mbili. Kwenye gari liendalo kilomita mia moja na hamsini kwa saa, hizo mizani tatu za ziada ni mita nyingi za njia. Tena kuna dosari mbaya zaidi: kulia na kushoto huanza kwa sauti moja, ku, na sikio lililo mbioni halina nafasi ya kungoja mwisho wa neno. Nilipomwambia, alisimamisha mchezo, jambo ambalo mwenye kibanda alinieleza baadaye kwamba si la kawaida yake. Alifikiri. Akasema basi iwe "lia" na "shoto". Lia tatu, shoto nne. Tukajaribu, mimi nikisoma na yeye akiendesha na sauti ya Mwingereza imezimwa, na kwa kipande kifupi ilikwenda. Kisha nikachelewa kusoma.

Wenzetu wa majahazi walikwisha kulitatua jambo hili kwa njia nyingine. Chomboni baharia hakusema kulia na kushoto. Alisema joshini na demani, upande utokako upepo na upande uendako, maneno mawili ambayo hata katika tufani hayachanganyiki. Nahodha naye aliijua njia yake ya Lamu au Unguja kwa alama, rangi ya maji, kichwa cha mwamba, minazi mitatu, na akazitaja kwa mpangilio kwa mwanafunzi wake mpaka zikamkaa. Daftari la mwelekezi wa rali ni elimu ya namna hiyohiyo. Inasikitisha kwamba elimu hiyo ikitiwa ndani ya mashine, Kiswahili kinabaki kuwa mnong'ono.

Kwamba mchezo huu unaweza kumfikisha mtu mahali, hilo lipo, ingawa mlango ni mwembamba. Mwaka 2021 shirikisho la magari la dunia, FIA, lilianzisha mpango wa kutafuta madereva wapya wa umri wa miaka 17 hadi 26, na njia mojawapo ya kuingilia ilikuwa gemu hiyohiyo ya WRC 9. Na McRae Kimathi, kijana wa Kenya aliyepewa jina la dereva Colin McRae wa Scotland, aliendesha gari kwenye theluji ya Sweden mwezi wa Februari 2022. Huyo hata hivyo ni mtoto wa nyumba ya rali, baba yake ni Phineas Kimathi, aliyekuwa wakati ule kiongozi wa mchezo huo nchini. Kijana wa kibandani hana gari la kuharibu. Ana padi ya mkononi ambayo kitufe chake cha breki kimelegea, na ana dakika alizolipia. Vibanda vingine pia vina kamari, hilo lisifichwe, na mzazi anayeuliza mwanawe yuko wapi baada ya magharibi ana haki ya kuuliza.

Sasa nije kwenye lililonikera. Kijana huyu anayeijua Naivasha kwa moyo amekaa juu ya ardhi ya Safari yenyewe. Kuanzia mwaka 1996 hadi 2002 mikondo mikubwa ya Safari ya dunia ilikuwa hapa Kajiado: Orien, Olooloitikosh, na zile njia za kuelekea Bissil. Mkondo mmoja uliweza kupita kilomita mia moja, ambapo Safari nzima ya 2021 mikondo yake yote haikuzidi sana kilomita mia tatu na ishirini. McRae alishinda hapa Kenya mara tatu, 1997, 1999 na 2002, na ushindi ule wa mwisho ndio uliokuwa wa mwisho wa maisha yake katika mashindano ya dunia. Jina lake lilikuwa tayari kwenye gemu, na ile ya mwaka 2000, Colin McRae Rally 2.0 ya kampuni ya Codemasters, ilikuwa na Kenya ndani yake. Kampuni hiyohiyo ilitoa tena gemu ya WRC mwezi wa Novemba 2023, na Kenya imo. Lakini Kenya ya gemu hizi mpya ni ya upande wa Naivasha na Soysambu.

Nilimwuliza kijana kama anaijua Orien.

"Iko kwa gemu gani?" akaniuliza.

Sikumlaumu. Nilitoka Kitengela nikapita Isinya mpaka mji wa Kajiado, nikitazama pande zote mbili za barabara. Uwanda ambao nyumbu na punda milia walitoka mbuga ya Nairobi wakishuka kufuata majani umekatwa viwanja. Tangu ranchi za pamoja za Wamaasai zilipoanza kugawanywa, katika miaka ya 1980, ua umefuata ua, waya umefuata waya, na mabango ya kuuza nusu eka yamepangwa kama makaburi. Olooloitikosh kwa Kimaasai ni jina lenye punda milia ndani yake. Gari la mashindano likipewa leo njia ile ya zamani, litasimama getini mara ngapi sijui, na kila geti lina mwenyewe mwenye hati yake.

Njia za namna hiyo hazihitaji kungoja kampuni ya Ulaya. Iko gemu ya mwaka 2004 iitwayo Richard Burns Rally, iliyopewa jina la Mwingereza aliyeshinda Safari ya 1998 na ya 2000. Kampuni iliyoitengeneza haipo tena, lakini wapenzi wake hawajaiacha mpaka leo, na wao wenyewe huongeza humo njia za nchi zao, moja baada ya moja, bure. Mtu hupima njia ya kijijini kwake, huichora kwenye kompyuta, na watu wa mbali huanza kujifunza kona zake. Kijana wangu alikuwa ameisikia. Anasema kompyuta ya rafiki yake inaweza kuibeba.

Bissil wapo madereva wa malori ya ng'ombe walioziona mbio zile wakiwa watoto, na ambao bado wanapita vipande vya njia ile kila juma. Linalohitajika ni pikipiki, simu yenye ramani, daftari, na mtu wa nyuma wa kuandika lia tatu, shoto nne, jiwe, geti. Kwa kanuni ya rali, mara mbili tu. Nilimwuliza itamchukua siku ngapi. Alisema mbili, au tatu kama mageti ni mengi.