Kitambulisho hakinunui eneo: Mmachinga anayehamishwa ana haki zipi?

MFANYABIASHARA ndogondogo anayepanga mitumba au vyombo vya plastiki kando ya barabara huhofia siku mbili: siku isiyo na wateja na siku ya mgambo. Ya kwanza humla faida. Ya pili huweza kuondoka na mtaji wote, hata kama mwenye meza ana karatasi ya serikali mfukoni.

Karatasi hizo si jambo jipya nchini Tanzania. Katika miaka ya 1980 na 1990 ilikuwapo leseni ya nguvukazi. Desemba 2018, Rais John Magufuli aliwakabidhi wakuu wa mikoa vitambulisho 670,000 kwa ajili ya wajasiriamali wenye mauzo yasiyozidi Sh. milioni 4 kwa mwaka. Kila kimoja kililipiwa Sh. 20,000, na wapo walioamini kwamba kwa fedha hizo wamepata na mahali pa kukaa.

Oktoba 2021 imani hiyo ilipimwa. Jijini Dar es Salaam, meza na vibanda viliondolewa kandokando ya barabara, mbele ya maduka na juu ya mitaro, na wenyewe wakaelekezwa kwenda maeneo yaliyotengwa. Rais Samia Suluhu Hassan alikuwa ameagiza kazi hiyo ifanyike kwa utaratibu na bila vurugu.

Kisheria, kibali cha kufanya biashara na haki ya kukalia ardhi ni vitu viwili tofauti. Kitambulisho kilimtambua mchuuzi na kumwepusha na baadhi ya tozo, lakini hakikumpa kipande cha ardhi. Hifadhi ya barabara inalindwa na Sheria ya Barabara ya mwaka 2007, na matumizi ya maeneo mengine ya mji hutawaliwa na sheria ndogo za halmashauri. Kwa hiyo anayetoa kilemba ili aachiwe nafasi kwenye njia ya waenda kwa miguu ananunua kitu ambacho muuzaji hakuwa nacho.

Hata hivyo, kukosa eneo si kukosa haki zote. Ibara ya 13 ya Katiba inampa mtu haki ya kusikilizwa pale chombo chochote kinapoamua juu ya haki na wajibu wake. Ibara ya 22 inatambua haki ya kufanya kazi, na ya 24 inalinda mali. Haki hizi zina mipaka kwa manufaa ya umma. Lakini halmashauri yenye mamlaka ya kuondoa meza haipati kwa hilo ruhusa ya kuzigawana nguo zilizokuwa juu yake. Bidhaa zinabaki kuwa mali ya mwenyewe, na zikichukuliwa au kuharibiwa kinyume cha sheria anaweza kudai fidia.

Tatizo ni kalenda. Anayetaka kuishitaki serikali au halmashauri hutakiwa kutoa notisi ya siku 90, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali huunganishwa katika shauri. Muda wa kuhama, kwa upande wake, mara nyingi huhesabiwa kwa wiki. Anayesubiri notisi iishe atafika mahakamani meza ikiwa imekwisha vunjwa.

Ipo milango miwili ya kupunguza pengo hilo. Mahakama Kuu inaweza kuombwa zuio la muda wakati notisi ikiendelea, zuio ambalo mawakili huliita Mareva. Mlango wa pili ni kuomba mahakama ipitie uamuzi wenyewe wa mamlaka. Kibali cha maombi hayo huombwa ndani ya miezi sita tangu uamuzi kutolewa. Njia zote mbili zinahitaji wakili na fedha, hivyo kikundi kinachochangishana kina nafasi nzuri kuliko mtu mmoja.

Mfano wa nguvu ya kikundi uko Johannesburg, Afrika Kusini. Oktoba 2013 jiji hilo liliwaondoa maelfu ya wachuuzi mitaani, wakiwamo waliokuwa na vibali halali. Vyama vyao vilikwenda mahakamani, na tarehe 5 Desemba 2013 Mahakama ya Katiba iliwarudisha kwa amri ya muda. Katika sababu zilizotolewa Aprili 2014, mahakama ilieleza kwamba uwezo wa mtu kujipatia riziki ni sehemu ya utu wake, na ikalilaumu jiji kwa kutofuata taratibu za sheria yake. Hukumu hiyo haizifungi mahakama za Tanzania, ingawa wakili anaweza kuitaja ili kushawishi.

Kwa mwenye mtaji mdogo, somo ni la hesabu. Kizimba chenye mkataba wa halmashauri na stakabadhi za ushuru kinaweza kuwa na wateja wachache kuliko kona ya barabara, lakini tofauti hiyo ya mauzo ipimwe pamoja na hatari ya kupoteza bidhaa zote asubuhi moja. Anayekopesha au kuingia ubia na mchuuzi aulize kwanza eneo ni la nani.

Naye anayeendelea kukaa barabarani aweke shehena ndogo, atunze risiti za ununuzi nyumbani, na tangazo la kuhama likitoka apige picha za bidhaa zake mbele ya mashahidi. Bila ushahidi huo, dai la fidia huwa gumu kuthibitishwa.