Kwa Nini Mwanangu Alipeleka Picha ya Mzinga Shuleni

Wapo walionishangaa, ndugu zangu wakiwemo, kwamba nilimpa mtoto picha ya mzinga aende nayo darasani. Acha nieleze.

Hapa Uingereza kila Novemba watu hubandika kifuani ua jekundu la karatasi kuwakumbuka waliokufa vitani. Watangazaji wa televisheni huvaa, mawaziri huvaa, makocha wa mpira huvaa. Tarehe 11, saa tano kamili asubuhi, nchi hunyamaza dakika mbili. Nimeshuhudia foleni nzima dukani imesimama kimya, muuzaji kaacha mikono juu ya kaunta, na hakuna anayemhimiza mwenzake.

Basi mwalimu akaagiza kila mtoto alete kitu kilichobaki kwao kutoka Vita Kuu ya Kwanza. Jirani yetu alinionyesha chao: kisahani cha shaba, kizito, upana wa kiganja, walichotumiwa jamaa wa askari wa Uingereza waliokufa katika vita hivyo. Jina la marehemu limeinuka juu ya shaba, bila cheo. Ukipitisha kidole unalisoma hata gizani. Mwanangu aliposema kwetu hakuna, akaambiwa si lazima ashiriki.

Hilo liliniuma. Vita vile vilipiganwa kwetu Afrika Mashariki pia. Wapagazi wa Waingereza waliokufa huko wanakadiriwa kufika 95,000, wengi kwa kuhara, malaria na njaa, na wengi hawana jina wala kaburi linalojulikana. Aliyebeba risasi na unga wa mwenzake hakubakiza chake. Kilichobaki ni chuma. Meli ya Wajerumani Königsberg iliangamia Rufiji Julai 1915; mizinga yake 10 ikaopolewa, ikakokotwa nchi kavu kwa nguvu za watu. Mmoja uko Fort Jesus, Mombasa. Ndio huo wa kwenye picha.

Mwanangu hakujali meli. Alitaka kujua nani alivuta kamba. Mdogo wake wa kike akadakia: walilipwa? Nikamwambia ukweli, kwamba mishahara ya wapagazi wengi waliokufa haikuwafikia jamaa zao. Akakasirika, akala chakula cha jioni bila kusema na mtu, na hadi leo ananiuliza kama bado wanaweza kulipwa.

Wewe unayesoma, kama kwenu yupo mzee anayelijua jina la mpagazi hata mmoja, mpigie simu wiki hii. Liandike jina, na kijiji chake.