Mgeni Njoo, Je, Mwenyeji Apone?

Mwaka 1967 majirani zetu wa Kenya walianzisha mashindano ya wazi ya gofu kwa wachezaji wa kulipwa, katika uwanja wa Muthaiga, Nairobi. Kombe la kwanza lilichukuliwa na Guy Wolstenholme wa Uingereza. Mwaka 1978 alishinda Severiano Ballesteros wa Hispania, na mwaka 1986 Ian Woosnam wa Wales, ambao wote baadaye walivuma duniani kote. Mwaka 2019 mashindano hayo yaliingizwa katika mzunguko mkuu wa Ulaya.

Hiyo ni sifa kubwa kwa Afrika Mashariki. Hata hivyo, tangu 1967 hadi 2025 hakuna Mkenya aliyelitwaa kombe hilo. Wahenga walisema, mgeni njoo, mwenyeji apone. Mwenyeji huyu bado hajapona. Wengi wa wachezaji wake hodari walianza mchezo huo kwa kubeba mikoba ya wenye fimbo, si kwa kufundishwa.

Funzo hilo latuhusu sisi wa Mkolani, na ndugu zetu wa Ukerewe na Ukara. Kualika mabingwa ni jambo jema, lakini bingwa halisi huandaliwa nyumbani. Basi, ndugu viongozi, kabla ya kununua makombe, lindeni viwanja vya shule visigawiwe kuwa vya kujengea nyumba, na wapelekeeni watoto wa visiwani walimu wa michezo. Mwenyeji asiyeandaliwa atabaki kuwapigia makofi wageni.