Mima na Kivuli Chake

Mzazi atakayewawekea wanawe filamu iitwayo Perfect Blue, kwa kudhani ya kuwa kila katuni ni tafrija ya watoto, atajuta kabla ya saa moja kutimia. Maana kazi hii ya mwaka 1997, filamu ya kwanza ya Mjapani Satoshi Kon, ni hadithi ya mtu anayepotewa na nafsi yake hatua kwa hatua, mbele ya macho ya watu waliolipa kumtazama.

Binti Mima Kirigoe, mmoja wa waimbaji watatu wa kundi la CHAM!, alishawishiwa auache uimbaji aingie katika uigizaji, naye, kwa kutaka kupanda daraja na kwa kuona haya kuwavunja moyo wasimamizi wake, akakubali kuigiza kunajisiwa mbele ya kamera. Tangu hapo akili yake haikuwa na amani: kivuli chake, kimevaa mavazi ya jukwaani, humtokea katika vioo kikidai kuwa ndicho Mima wa haki, na katika intaneti mna shajara iliyoandikwa kwa jina lake na mkono usio wake, inayojua hata mguu autangulizao akishuka garini. Kisha wale waliomvua sitara, mtunzi wa mchezo na mpiga picha, wakauawa, na nguo zenye damu zikaonekana kabatini mwake.

Ustadi wa Kon umo katika kuunganisha picha. Mima huzinduka kitandani, nasi tukashusha pumzi, mara sauti ya mwongozaji ikalikata tukio, ikabainika ya kuwa tuliyoyadhani maisha yalikuwa mchezo, halafu akazinduka tena. Mtazamaji, asiyepewa alama ya kutenga ndoto na yakini, hunyimwa ile raha ya kuhukumu kutoka mbali. (Muuaji simtaji, atakayemwona huenda akamhurumia.)

Mimi visu havikunitisha sana. Lililonikaa moyoni ni dakika moja ya ile siku ya kuigiza unajisi: kazi ilisimamishwa kidogo, na mwigizaji wa kiume, asiyeruhusiwa kuondoka pale alipo juu ya Mima, akamwomba radhi kwa sauti ya chini, kwa adabu kamili, ilhali Rumi, msimamizi wake aliyepata kuwa mwimbaji naye, alishindwa kutazama akatoka nje machozi yakimtiririka, kisha ikatolewa amri, na yule bwana akaanza upya.