Mwalimu Aliyekata Ngazi Katika Barafu ya Kilimanjaro

Horohoro, mpakani mwa Tanzania na Kenya katika Mkoa wa Tanga, ni mahali pa joto. Mkazi wake huiona barafu katika jokofu au katika sanduku la mvuvi, wala haikanyagi. Hata hivyo, mwanafunzi wa Horohoro aweza kujua kwa hesabu fupi kwamba nchi yake ina barafu ya kudumu. Hewa hupoa kwa wastani wa nyuzi 6 hivi za Selsiasi kwa kila meta 1,000 za kupanda. Iwapo pwani kuna nyuzi 27, basi katika kilele cha Uhuru, chenye kimo cha meta 5,895, twategemea kupata kama nyuzi 8 chini ya sifuri. Vipimo vilivyochukuliwa juu ya barafu kileleni vimeonyesha wastani wa nyuzi 7 hivi chini ya sifuri. Hesabu na kipimo vyakaribiana.

Kuijua barafu kwa hesabu ni jambo moja, na kuipanda ni jambo jingine. Mtu wa kwanza kuleta Kilimanjaro ufundi kamili wa kupanda miamba na barafu alikuwa mwalimu wa mazoezi ya viungo, Ludwig Purtscheller.

Mwalimu wa Salzburg

Purtscheller alizaliwa Innsbruck, Austria, tarehe 6 Oktoba, 1849, na alifundisha katika mji wa Salzburg. Katika zama zake, desturi ya wapandaji wa milima ya Alps ilikuwa kuajiri viongozi wenyeji, ambao ndio waliochagua njia na kukata ngazi. Purtscheller na rafiki zake, ndugu wawili Emil na Otto Zsigmondy, waliiacha desturi hiyo. Waliamini kwamba mpandaji apaswa kuusoma mlima mwenyewe. Mwaka 1885 watatu hao walikuwa wa kwanza kuvuka kilele cha Meije, Ufaransa, kutoka upande mmoja hadi mwingine. Siku chache baadaye Emil alianguka katika mlima huo huo, akafa. Purtscheller hakuacha kupanda. Inahesabiwa kwamba katika maisha yake alifika vilele zaidi ya 1,700.

Safari ya kutoka pwani

Mwaka 1889 Hans Meyer, mwanajiografia wa Kijerumani, alimwomba Purtscheller afuatane naye Kilimanjaro. Meyer alikuwa amekwisha kushindwa mara moja kukifikia kilele, mwaka 1887, alipokutana na ukuta wa barafu asioweza kuupanda. Mwaka uliofuata alipita Usambara pamoja na Oscar Baumann, lakini vita vya watu wa pwani chini ya Abushiri dhidi ya Wajerumani vilikuwa vimeanza. Wote wawili walikamatwa, wakaachiliwa baada ya kulipa fidia. Kwa hiyo, mwaka 1889 njia za Pangani na Tanga hazikumfaa. Msafara ulianzia Mombasa, kaskazini ya mstari wa mpaka uliokubaliwa na Waingereza na Wajerumani mwaka 1886, ukapita Taveta hadi Marangu kwa Mangi Marealle.

Wazungu hao wawili hawakuwa peke yao. Masimulizi ya Marangu yanamtaja Yohani Kinyala Lauwo kuwa kiongozi wa njia. Katika kambi ya juu, yapata meta 4,300, alibaki nao Mwini Amani, mtu wa Pangani, aliyetunza hema, kutafuta kuni na kupika. Mtu aliyezoea joto la pwani alivumilia huko usiku wa maji kuganda. Bila kambi hiyo kilele kisingalifikika.

Kwa nini barafu ni ngumu kupanda?

Kwanza, hewa. Sehemu ya oksijeni katika hewa ya kileleni ni ile ile ya pwani, yaani asilimia 21, lakini kanieneo ya hewa ni karibu nusu tu. Kila pumzi, basi, huleta karibu nusu ya oksijeni. Moyo huenda mbio, na kazi ndogo huchosha.

Pili, barafu yenyewe. Mguu husimama mahali kwa sababu ya msuguano, na msuguano wa kiatu juu ya barafu ni mdogo mno. Mpandaji ana njia mbili za kujisalimisha. Aweza kuchonga kidato cha bapa kwa sururu ndogo ya barafu, ili uzito wake ushuke wima wala usimtelezeshe. Au aweza kufunga meno ya chuma chini ya viatu. Tuchukue mtu mwenye uzito wa nyutoni 700 pamoja na mizigo yake. Akisimama juu ya kiatu kimoja chenye eneo la sentimeta za mraba 200, kanieneo chini yake ni nyutoni 35,000 kwa meta ya mraba. Akisimama juu ya meno 10, kila moja likiwa na ncha ya milimeta za mraba 5, kanieneo hufikia nyutoni 14,000,000 kwa meta ya mraba, yaani mara 400 zaidi. Barafu hukubali kutobolewa.

Mwaka 1889 sururu ndiyo iliyokuwa chombo kikuu. Tarehe 3 Oktoba Purtscheller alitangulia, wakiwa wamefungana kamba, akakata ngazi moja baada ya nyingine katika barafuto, yaani mto wa barafu, ambayo Meyer aliipa jina la Ratzel. Barafu ya baridi kali ni ngumu mfano wa kioo, na kila kidato kilidai mapigo mengi. Alasiri walifika ukingoni mwa kreta, wakaona kwamba kilele chenyewe kiko mbali zaidi, upande wa kusini.

Hapo ndipo ilipoonekana thamani ya ujuzi. Nguvu zilikuwa zimekwisha, na usiku ungewakuta juu ya barafu. Walirudi. Kisha walisogeza malazi yao hadi pangoni, juu zaidi ya kambi, wakaondoka tena usiku wa kuamkia tarehe 6. Ngazi za siku ya tatu zilikuwa bado zipo. Mnamo saa nne na nusu asubuhi walisimama katika kilele kirefu kuliko vyote Afrika. Siku hiyo Purtscheller alitimiza miaka 40.

Baadaye walijaribu Mawenzi, lakini miamba yake mibovu iliwazuia wasifike juu kabisa. Kilele hicho kilipandwa mwaka 1912 na Eduard Oehler na Fritz Klute.

Mwaka 1899 Purtscheller alianguka alipokuwa akishuka Aiguille du Dru, Ufaransa, akaumia vibaya. Alifariki Bern, Uswisi, tarehe 3 Machi, 1900.

Zana mpya, hatari ile ile

Mwaka 1908 Oscar Eckenstein, Mwingereza, alibuni meno 10 ya chuma yaliyopunguza haja ya kukata ngazi. Mwaka 1929 Laurent Grivel wa Italia aliongeza meno ya mbele, yaliyowezesha kupanda barafu iliyosimama. Kwa zana za namna hiyo, Januari 1978, Reinhold Messner na Konrad Renzler walipanda ukuta wa Breach, upande wa kusini-magharibi wa Kibo, wakapita katika nguzo ya barafu inayoning'inia. Mwezi huo huo Mmarekani Rob Taylor alianguka katika nguzo hiyo, akavunjika kifundo cha mguu. Mwenzake, Henry Barber, alishuka kutafuta msaada, na Taylor aliokolewa.

Barafu inayotoweka

Meyer aliporudi mwaka 1898 aliona barafu imerudi nyuma, mahali pengine kwa meta 100 hivi. Mwaka 1912 barafu ya Kilimanjaro ilienea kilometa za mraba 12 hivi. Mwaka 2011 zilibaki pungufu ya 2. Wataalamu wanataja ukame wa hewa ulioanza mwishoni mwa karne ya 19, ambao ulipunguza theluji mpya, pamoja na ongezeko la joto duniani. Hewa ikiwa kavu, barafu hugeuka mvuke moja kwa moja. Kazi hiyo hutumia nishati nyingi: ile igeuzayo kilo 1 ya barafu kuwa mvuke yatosha kuyeyusha kilo 8. Lakini theluji isipoanguka, hakuna cha kufidia hasara hiyo, hata iwe ndogo.

Leo mpandaji wa njia ya Marangu hufika ukingo wa kreta kwa kukanyaga changarawe, bila kukata hata ngazi moja. Kazi ya Purtscheller haiwezi kurudiwa mahali pale. Hata hivyo imeacha faida kwa sayansi, kwa kuwa wapandaji wale waliandika barafu ilianzia wapi na ilikuwa na sura gani. Kutokana na maandishi yao twaweza kupima kiasi kilichopotea.