Aljebra Hatua kwa Hatua (7): Kukata Kinachokatika

Kurahisisha sehemu ya aljebra ni kuondoa kigawo kinachopatikana juu na chini ya mstari, yaani kwenye kiasi na kwenye asili. Namna ya kutoa vigawo nje ya mabano ilielezwa katika makala iliyotangulia. Kanuni ya kukata ni fupi: hukatwa kilichozidishwa, hakikatwi kilichojumlishwa. Pamoja na ufupi wake, huvunjwa kila siku.

Mfanyabiashara wa Mbale anapeleka Jinja magunia x ya kahawa ya Mlima Elgon. Gari linatoza shilingi 6,000 kwa gunia, na wapakiaji 12,000 kwa safari nzima. Gharama inabebwa sawa na washirika wawili. Kwa maelfu ya shilingi, mzigo wa kila mshirika kwa kila gunia ni (6x + 12)/2x. Juu kuna kigawo 6, hivyo 6(x + 2)/2x, na baada ya kukata kwa 2 inabaki 3(x + 2)/x. Mwanafunzi mwenye pupa hufyeka na x zote mbili, akapata 3 × 2, shilingi 6,000, magunia yawe 4 au 12. Kumbe kwa magunia 4 ni 4,500, na kwa 12 ni 3,500. Ile x ya juu imejumlishwa na 2, haikatiki.

Mstari wenyewe unastahili heshima zaidi ya inayopewa darasani. Maji yanayotoka Jinja hupita Thebes ya Misri, yalikopatikana mafunjo aliyoyanakili mwandishi Ahmose yapata mwaka 1550 K.K. Humo mikate 7 inagawiwa watu 10, kila mtu akapata theluthi mbili na moja ya thelathini, kwa kuwa Wamisri, ukiacha theluthi mbili, waliandika sehemu zenye kiasi cha 1 tu. Jibu ni sahihi kabisa, ila njia ni ndefu. Mstari kati ya kiasi na asili unaonekana katika kitabu cha al-Hassar, mwanahisabati wa Maghreb wa karne ya 12. Leonardo wa Pisa, maarufu kama Fibonacci, alisomea hesabu Bejaia, katika Algeria ya leo, na kitabu chake cha mwaka 1202 kikauvusha mstari huo hadi Ulaya. Wengi waliousomea katika shule za misheni kama Nabumali, karibu na Mbale, waliudhania ni mali ya Mzungu. Kuwaacha watoto wa leo na dhana hiyo ni uzembe.

Mtaala mpya wa Uganda, ulioanza 2020 na kutoa matokeo yake ya kwanza ya UCE Februari 2025, unataka maswali yatokane na maisha. Ni jambo jema, lakini kisa cha sokoni hakimfai asiyejua kukata.

Vigawo vyenyewe huweza kuwa mabano. Katika (x² − 9)/(x² + 3x), juu ni (x − 3)(x + 3), chini ni x(x + 3). Ikikatwa (x + 3), inabaki (x − 3)/x. Lazima iandikwe kando kwamba x si 0 wala −3: kwa −3 mtajo uliorahisishwa hutoa 2, ilhali wa awali ni 0 juu ya 0, usio na thamani. Alama zikipishana, kama (4 − x)/(x − 4), hutolewa −1 juu, na jibu ni −1 kwa kila x isipokuwa 4.